Baada ya Mnara wa Saba

Tihomir aliiokoa dunia siku ya Jumanne, saa kumi kasoro alasiri, akiwa bado amevaa koti la kazi, na soksi ya mguu wa kulia imetoboka kwenye kidole gumba. Mfalme wa Barafu alianguka kutoka juu ya mnara wa saba, akavunjika vipande vipande kama sahani, na kwenye televisheni yakaanza kupanda majina ya watu walioitengeneza gemu ile, mamia kwa mamia. Tihomir aliyasoma yote. Aliona si adabu kumzima mtu wakati jina lake linatajwa.

Majina yalipokwisha, gemu haikuzimika. Ilimrudisha mpanda farasi wake juu ya kilima kilekile alichoanzia mwezi wa nne, farasi wa kijivu akila majani, upepo ukivuma. Tihomir akangoja aambiwe la kufanya. Hakuambiwa. Akashuka kijijini.

Ilikuwa moja ya zile gemu ambazo mtu anaachiwa nchi nzima azurure atakavyo: apande milima, avue samaki, aingie nyumba za watu bila hodi. Na kila mwenye shida alikuwa na taa ndogo ya manjano juu ya kichwa chake. Tihomir alizipenda taa zile kuliko upanga, kuliko farasi. Asiye na taa, huna haja ya kumsemesha. Mwenye taa unamwendea, na kabla hujafungua mdomo anakwambia mwenyewe: mbuzi wangu wamepotea, mume wangu hajarudi vitani, niletee uyoga sita. Unakwenda, unaleta, unashukuriwa. Hakuna kubabaika.

Sasa taa zote zilikuwa zimezimika. Mhunzi alimwambia, "Asante, mkombozi. Leo hali ya hewa ni nzuri." Mvua ilikuwa inanyesha. Mke wa mwokaji akamwambia, "Asante, mkombozi. Leo hali ya hewa ni nzuri." Hata mtoto wa kisimani. Tihomir aliiweka chini padi ya kuchezea, akaenda jikoni, akafungua friji, akasahau alichofuata, akaifunga.

Alikuwa na miaka arobaini na tisa. Ishirini na minne kati ya hiyo ameimaliza kwenye kibanda cha reli, pale barabara ya kijiji inapokatana na njia ya treni, kilomita mbili kutoka mto Morava. Kazi yake ni kuzungusha mkono wa chuma ili kizuizi kishuke treni inapokaribia, na kuuzungusha tena ili kipande juu ikishapita. Treni tano kwa zamu. Kijiji kizima kilimjua, kwa sababu kijiji kizima kilikuwa kimewahi kusimama mbele yake dakika tatu nne kikingoja. Lakini wengi hawakuwahi kuisikia sauti yake. Alikuwa akiinua mkono, wao wakainua mkono, basi. Mazungumzo ya nyumba ile alikuwa nayo mama yake, Milunka, na Milunka alizikwa mwezi wa tatu.

Kwenye arobaini ya marehemu, mpwa wake Neda alikuja kutoka Ljubljana, Slovenia, na mashine ya gemu ndani ya mfuko wa sokoni. "Mjomba, utaota ukungu humu ndani," alimwambia. "Cheza, uutoe moyo kidogo." Tihomir alisema atajaribu siku moja. Siku hiyo moja ya kujaribu ikawa miezi sita.

Jioni ileile ya kuiokoa dunia alimpigia simu.

"Neda, nimeimaliza."

"Weee! Mnara wa saba? Mjomba, mimi mwenyewe sijafika! Hongera!"

"Sasa nafanyaje?"

"Unafanyaje nini?"

"Baada ya hapo."

Neda alicheka, kisha akaona mjomba wake hachezi. Akamwambia yapo mengi ya kufanya. Kuna kengele tisini zilizofichwa nchi nzima, je, amezikusanya? Anaweza kupamba ile nyumba ya kando ya ziwa anayozawadiwa mshindi. Kuna watu wanatembea tu bila ramani, wanapiga picha machweo. Au aanze upya, kwenye ugumu wa juu. "Watu wengi wanaanza upya, mjomba. Ndiyo raha yake."

Tihomir aliyaandika yote nyuma ya kalenda ya kanisa, akaanza kuyatekeleza kama mtu aliyetumwa dukani. Kengele alizipata themanini na nane, mbili zikamshinda. Nyumba ya ziwani aliiwekea meza ndefu na viti vinane, akamkalisha mpanda farasi wake kichwani pa meza, akangoja aone kitakachotokea. Kilichotokea ni kwamba jua la ndani ya gemu lilizama, likachomoza. Basi akaanza upya. Na hilo ndilo lililomchanganya kupita yote, kwa sababu kwenye daraja la kwanza alimkuta yule bibi wa mabata, ambaye alikuwa amemwokolea mabata wake kumi na mmoja, mmoja baada ya mwingine, mwezi mzima wa tano. Bibi akamtazama kwa wasiwasi akasema, "Wewe ni nani, mgeni? Usiwatishe mabata wangu."

Tihomir alichomoa waya ukutani. Hakukasirika. Alishindwa tu kujua amkasirikie nani.

Siku zilizofuata alikwenda kazini akarudi, akakaa kwenye kiti mbele ya televisheni iliyozimwa. Kibandani alijikuta akiwatazama watu juu ya vichwa. Mtu anasimamisha baiskeli mbele ya kizuizi, yeye anaangalia hewa iliyo juu ya kofia.

"Tiho, nina nini kichwani?" aliulizwa na mama mmoja. "Kunguru kaninyea?"

"Hapana," alisema Tihomir, akageuka upande wa reli, masikio yanamwaka.

Ndipo siku moja, tarehe ishirini, kasisi Gavrilo alipokwama mbele ya kizuizi na kigari chake chekundu, akateremsha kioo. Alikuwa mtu mnene mwenye haraka, ambaye mwezi wa kumi na wa kumi na moja hulala saa tano kwa siku, kwa sababu ndiyo miezi ya slava. Kila ukoo una mtakatifu wake, na siku ya mtakatifu huyo kasisi hana budi kufika nyumbani kuukata mkate.

"Tihomir! Luka mtakatifu huyooo anakuja. Thelathini na moja, nije saa ngapi? Mama yako alikuwa ananipa saa tatu."

Tihomir alibaki ameshika ule mkono wa chuma. Alikuwa amesahau. Si kwamba ilimponyoka. Alisahau kabisa, kama mtu anavyosahau kwamba ana figo.

"Saa tatu," alisema.

"Utafanya? Usinijibu kwa kuogopa. Nyumba ina msiba, mtu yuko peke yake, naelewa. Lakini nikuambie kitu: dada yako kaolewa, yupo kwenye slava ya mumewe. Wa ukoo umebaki wewe. Ukiiacha slava mwaka huu, mwakani utaona haya kuanza, na mwaka wa tatu hakuna slava tena katika nyumba ile. Nimeziona nyumba za hivyo. Zina paa na zina moshi, lakini si nyumba." Treni ya mzigo ikapita, ikameza maneno mengine. Ilipokwisha, kasisi alikuwa anasema, "...saa tatu basi," akaondoka.

Hapo ndipo roho ya Tihomir ilipoanza kuhangaika. Mkate aliweza kuoka, au kuokewa. Mshumaa unauzwa kanisani. Ngano ya kuchemsha na kusaga pamoja na kokwa za jozi na sukari, alimwona mama yake akiitengeneza mara arobaini. Kilichomtisha ni watu. Kila mwaka walikuja kumi, kumi na watano, wakala, wakaimba, wakavunja glasi moja au mbili. Lakini walikuja kwa nani? Walikuja kwa Milunka. Kwa sarma zake za majani ya kabichi, kwa kucheka kwake, kwa namna alivyokuwa akijua goti la nani linauma. Nani atakuja kukaa na mtu anayeinua mkono tu? Na kama hakuna atakayekuja, mshumaa umewashwa, mkate umekatwa, viti vitupu, hiyo ni slava au ni nini?

Aliwaza siku mbili. Na katika kuwaza kwake akashika njia ambayo mtu mwingine yeyote wa kijiji kile asingeishika hata akiwa amelewa. Alijiambia: watu hawana taa. Hakuna atakayekuja mwenyewe kuniambia. Basi niwaendee mimi.

Akaanza kuwaalika.

Wa kwanza alikuwa Dobrila, mjane wa ng'ambo ya barabara, rafiki wa mama yake tangu shule ya msingi. Alifika kwenye kizuizi na baiskeli yake, kapu la mayai mbele. Treni ya abiria ilikuwa bado dakika tatu. Tihomir alitoka kibandani, jambo ambalo hakulifanya kamwe, akasimama mbele ya gurudumu.

"Bibi Dobrila. Tarehe thelathini na moja ni slava yangu. Nakualika. Karibu sana uje."

Alikuwa ameyafanyia mazoezi maneno yale tangu alfajiri.

Dobrila alimtazama. Uso ulianza kumwiva kutoka shingoni kupanda juu.

"Unanialika?"

"Nakualika."

"Mimi. Unanialika mimi."

"Ndiyo, Bibi Dobrila. Saa yoyote."

Treni ilipita, kizuizi kikapanda, mjane akakanyaga pedali akaenda, na Tihomir akaona yai moja limeanguka njiani na mwenyewe hakugeuka. Alidhani ameguswa moyo.

Kwa siku mbili zilizofuata alialika watu kumi na mmoja. Ilikuwa rahisi kuliko alivyofikiri, kwa kuwa hawakuwa na pa kukimbilia. Aliyealikwa wa mwisho alikuwa Vukoman mfuga nguruwe, aliyekaa juu ya trekta lenye mahindi, akamsikiliza mpaka mwisho, akauliza, "Umemaliza?" Tihomir akasema amemaliza. Vukoman akavua kofia, akaivaa tena, akaondoka.

Kesho yake Vukoman alirudi kwa miguu. Aliingia kibandani bila kubisha, akakaa kwenye kiti pekee kilichokuwepo.

"Sema. Unauza nyumba au unaoa?"

"Nani?"

"Wewe. Kijiji chote kinajua. Nusu wanasema umepata mwanamke kwenye simu, nusu wanasema dada yako anakuchukua Slovenia. Dobrila analia tangu juzi."

"Analia nini?"

"We Tiho, umechanganyikiwa?" Vukoman alimkazia macho. "Slava mtu anaalikwa? Tangu lini? Harusi unaalika. Ubatizo unaalika. Slava, mlango uko wazi, anayeujua anakuja. Miaka thelathini na mbili nimekula kwa mama yako, hajaniita hata siku moja, Mungu amrehemu. Leo unanisimamisha barabarani unaniambia karibu. Maana yake nini? Maana yake miaka yote ile nilikuwa sikukaribishwa? Nilikuwa najipenyeza kama nguruwe aliyekuta ua umebomoka?"

"Sikumaanisha hivyo."

"Najua hukumaanisha. Wewe hujawahi kumaanisha kitu tangu nikujue. Lakini sasa nimealikwa, siwezi kuja. Nikija ni kama nimekubali kwamba bila kuitwa nisingekuja. Na sitakubali, nina heshima yangu."

Tihomir alishika kichwa. "Basi nifanyeje, Mzee Vukoman?"

"Neno umelimwaga wewe. Lizoe."

"Maji yakimwagika hayazoleki."

"Ya kwako yatazoleka. Ondoa mwaliko."

Tihomir alimtazama aone kama anamchezea. Vukoman hakuwa anacheka. Basi akasema, "Mzee Vukoman, sikualiki."

"Vizuri."

"Kwa hiyo utakuja?"

"Hapo tena unaanza!" Vukoman alisimama, kiti kikaanguka. "Nikuambie nitakuja, tofauti iko wapi? Funga mdomo. Siku zote ulikuwa unaufunga vizuri tu, nani alikuambia uufungue?"

Kwa hiyo wiki ile ya mwisho ya mwezi wa kumi Tihomir alifanya kazi ambayo, kwa kadiri ijulikanavyo, hakuna mtu aliyewahi kuifanya kando ya Morava. Alishusha kizuizi, akatoka kibandani na kalenda mkononi, akawatafuta wale kumi na mmoja mmojammoja, akawaondolea mwaliko.

"Mwalimu, juzi nilikualika. Leo sikualiki."

"Nimekukosea nini, Tihomir?"

"Hujanikosea. Ni ili... Mzee Vukoman amesema."

"Vukoman kasema nisialikwe?"

"Hapana! Mimi ndiye ninayesema. Lakini si kwa ubaya."

Mwalimu aliondoka akitikisa kichwa. Wengine walicheka, wengine walisema "haya" kwa sauti ambayo Tihomir hakuweza kuipima. Dobrila alimfanya arudie mara tatu.

"Sema tena."

"Sikualiki, Bibi Dobrila."

"Na mdomo wako hautaniita?"

"Hautakuita."

"Mama yako angekusikia!" alisema mjane, na kama ilikuwa lawama au sifa, Tihomir hakujua. Akakanyaga pedali. Safari hii hakuna yai lililoanguka.

Kwa wasiwasi wake akapitiliza. Alfajiri moja yenye ukungu aliliendea gari jeupe, akidhani ni la bwana wa mifugo, mmoja wa wale kumi na mmoja, akasema kupitia kioo, "Sikualiki kwenye slava yangu." Kioo kilishuka. Alikuwa kijana wa miaka thelathini hivi, mgeni kabisa, anayesambaza mikate kutoka mjini, unga hadi kwenye nyusi.

"Mimi?"

"Samahani. Nilidhani ni mtu mwingine."

"Sijaelewa, kaka. Unatembea ukungu wote huu kuja kuniambia hunialiki? Mtakatifu gani?"

"Luka."

"Thelathini na moja?"

"Ndiyo."

"Nyumba ipi?"

Tihomir, bila kujua kwa nini, aliionyesha kwa kidole. Kijana aliitazama, akasema, "Sawa, nimeelewa. Siji," akaondoka akicheka peke yake.

Sarma alizipika usiku wa kuamkia siku yenyewe, simu imeegemezwa kwenye chupa ya mafuta, dada yake akimwelekeza. Nyama, mchele, kitunguu, fungia ndani ya jani la kabichi iliyochachushwa, panga sufuriani. Pipa la mama lilikuwa tupu, na kabichi mpya bado haijakomaa kwenye chumvi, hivyo majani aliyanunua sokoni. Dada alieleza kila kitu isipokuwa kwamba majani ya kununua huloweshwa kwanza kupunguza chumvi, kwa sababu kwake hilo halikuwa jambo la kueleza. Ni kama kumwambia mtu avue viatu kabla ya kuvaa soksi.

Saa tatu kamili kasisi Gavrilo alifika. Mshumaa ukawashwa. Waliushika mkate wote wawili, wakauzungusha, kasisi akiimba kwa sauti ya watu kumi na Tihomir akisogeza midomo tu. Wakaukata kwa alama ya msalaba, wakaumwagia divai, wakaumega, wakabusu nusu zake. Kasisi alionja ngano, akasema tamu, akachukua koti. Alikuwa na nyumba nyingine nne.

"Wageni saa ngapi?" aliuliza mlangoni.

"Sijui. Nimewaondolea mwaliko."

Kasisi akamshika bega, akaenda.

Sasa kuna desturi nyingine. Siku ya slava mwenye nyumba haketi. Anasimama kutwa, anamimina, anahudumia, hata miguu ivimbe. Tihomir aliijua. Lakini desturi haikusema lolote kuhusu mwenye nyumba asiye na wageni. Je, huyo anasimama pia? Anamsimamia nani? Saa nne alisimama. Saa tano alikaa kwenye ncha ya kiti, akahisi mtakatifu Luka anamtazama kutoka ukutani, akasimama. Saa sita alipasha sarma moto. Saa saba akazima jiko. Alitazama dirishani. Barabarani alipita mbwa, baadaye alipita mbwa yuleyule akirudi. Mlango wa Dobrila ulikuwa umefungwa. Akafikiri: nimewaalika, wamekasirika, nimewaondolea mwaliko, wametii. Watu hawa wanataka nini? Na mimi ninataka nini? Mshumaa ulikuwa umefika nusu. Kama utakwisha hivi, alijua, mwakani hatauwasha. Hakulisema kwa maneno, ila alilijua, kama mtu anavyojua kidevu chake kiko wapi gizani.

Saa nane na robo gari jeupe lilisimama mbele ya lango.

"Heri ya slava!" alisema kijana wa mikate, amenawa uso, ameshika chupa. "Jina langu Gradimir. Nimekuja kwa sababu hukunialika, na ulitumia nguvu nyingi."

Tihomir alisimama mlangoni, hakujua kama asogee kulia au kushoto. Kijana akapita katikati. Alisimama mbele ya meza, akafanya ishara ya msalaba, akachota kijiko cha ngano, akala, akageuka.

"Heri ya slava, mwenye nyumba."

Tihomir aligeuka nyuma kuona nani ameingia.

"Wewe," alisema Gradimir. "Nakusema wewe."

Hakuwa hata amemimina glasi ya kwanza ya rakija, ile pombe kali, wakati mlango ulipofunguka tena bila hodi. Dobrila, na nywele zake zimetengenezwa.

"Nilikuwa napita," alisema.

Baada ya nyumba ya Tihomir hakuna nyumba nyingine. Kuna shamba la mahindi na mtaro. Mtu hapiti kwenda popote. "Karibu," alitaka kusema Tihomir, akajing'ata ulimi, akavuta kiti.

Kisha akaja Vukoman. Alisema ameona gari geni uani, amekuja kuhakikisha si wezi. Akamwuliza Gradimir, "Wewe ni mwizi?" Gradimir akasema, "Leo hapana." Basi Vukoman akaketi. Mwalimu na mkewe walikuwa wanatafuta paka. Bwana wa mifugo alisema amesikia nguruwe wa Vukoman anaumwa na ameambiwa Vukoman yuko huku.

"Nguruwe gani anaumwa?" Vukoman aliruka.

"Mkubwa."

"Mkubwa mzima kabisa!"

"Basi vizuri, ameshapona," alisema bwana wa mifugo, akachota ngano.

Saa tisa na nusu walikuwa tisa. Kila aliyeingia alisema yale maneno, heri ya slava, mwenye nyumba, na kila mara Tihomir alikawia kidogo kabla ya kuitikia. Aliwaandalia sarma. Dobrila alitafuna taratibu, akameza, akanyoosha mkono kwenye jagi la maji.

"Tiho, mwanangu. Majani uliyalowesha?"

"Kuyalowesha?"

"Milunka, dada yangu!" Dobrila aliangalia dari. "Shuka uje na mwiko!"

"Si mbaya," alisema Gradimir, machozi yakimtoka. "Ni kama kula bahari."

"Acheni, mtu kapika," alisema Vukoman. "Nipe nyingine. Na maji." Alikula nne. Wote walikula, na jagi likajazwa mara sita, na kila aliyekunywa alimtania mpishi upya, na Tihomir, akitembea na jagi lile kutoka bombani hadi mezani, hakujua kama anachekwa au anapendwa. Alidhani huenda mezani pale ni kitu kimoja, lakini hakuwa na uhakika, wala hakuwa na wa kumwuliza.

"Haya sasa," Vukoman alifuta masharubu. "Tuko wenyewe. Unaoa au unauza?"

"Wala."

"Sasa ile yote ilikuwa nini? Kutualika?"

Macho yote yalimgeukia. Tihomir alikuwa amesimama na jagi kifuani.

"Nilimaliza gemu," alisema.

"Ulishinda?" aliuliza mke wa mwalimu, kwa upole.

"Nilishinda."

"Aa," alisema Vukoman, akatazamana na bwana wa mifugo. "Hongera basi," alisema, kama mtu anayempa pole mfiwa ambaye hakumjua marehemu wake. Kisha akaanza kueleza jinsi nguruwe wake mkubwa alivyo mzima, na maongezi yakashika njia zake, watatu watatu, kwa sauti zinazopandana. Nyimbo hazikuimbwa, kwa ajili ya msiba, ila mara moja Gradimir alijisahau akaanza mstari, na Dobrila hakumzuia mpaka alipoumaliza.

Giza lilipoanza kuingia, mshumaa ulikuwa umebaki vidole vitatu. Mwalimu aliutazama akasema kwao huzimwa jua likizama. Bwana wa mifugo akasema hapana, huzimwa mgeni wa kwanza akiinuka. Vukoman akasema wote hawajui kitu, mshumaa huzimwa kwa divai, na lini ni kila nyumba na yake.

"Nyumba hii ni lini?" Gradimir aliuliza.

Hakuna aliyekumbuka. Wakamgeukia Tihomir.

Tihomir mwenyewe ndiye aliyeuzima miaka yote tangu baba yake afariki, kwa kuwa ni kazi ya mwanamume wa nyumba. Lakini alikuwa akisimama tu na glasi ya divai, na mama yake, akiwa katikati ya kuongea na mtu mwingine, alikuwa akisema bila kugeuka: sasa. Naye alizima. Hakuwahi kuuliza mama alikuwa anatazama nini. Saa? Dirisha? Nyuso za watu? Alizitazama nyuso moja moja. Hazikumwambia kitu. Mke wa mwalimu alipiga miayo, Dobrila alikuwa anachokonoa nta iliyodondoka kwenye kitambaa.

"Basi, tusimchoshe," alisema Vukoman, akainua glasi yake ya divai, akaupelekea mkono mshumaa. "Niusaidie."

"Bado," alisema Tihomir.

Alilisema kwa sauti kubwa kuliko alivyokusudia. Mkono wa Vukoman ulisimama hewani.

"Bado nini?"

"Sijui," alisema Tihomir. "Bado."

Vukoman alimtazama, akamtazama Dobrila, akairudisha glasi mezani.

"Mwenye nyumba kasema bado," alisema, na wote walioanza kuinuka wakakaa.